Wolfgang Kohlhaase: Mwandishi aliyeishi chini ya tawala tano bila kuhama mji

Ndugu msomaji, hebu nikuulize swali dogo kabla hatujaenda mbali. Ukimaliza kuangalia filamu iliyokugusa, unaondoka na jina la nani? Wengi watamtaja mwigizaji. Wachache, wale wapenzi wa sinema hasa, watamtaja mwongozaji. Lakini yule aliyekaa peke yake mezani akaandika kila neno lililotoka mdomoni mwa mwigizaji, huyo hana wa kumtaja. Jina lake linapita kwenye kioo wakati watu wameshainuka kwenye viti.

Leo nataka nimzungumzie mmoja wa watu hao. Anaitwa Wolfgang Kohlhaase, Mjerumani, mwandishi wa skripti za filamu. Alizaliwa Berlin tarehe 13 Machi 1931 na akafariki humo humo Berlin tarehe 5 Oktoba 2022, akiwa na miaka 91. Kwa Wajerumani wanaofuatilia sinema jina lake ni kubwa. Kwetu sisi ni jina geni kabisa, na hata huko Ulaya ukitoka nje ya mipaka ya Ujerumani hukutani na watu wengi wanaolijua.

Kwa nini nimemchagua yeye? Angalia tarehe zake. Alizaliwa wakati Ujerumani bado ni jamhuri, ile iliyokuja baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Hakuwa ametimiza miaka miwili Hitler alipochukua madaraka Januari 1933. Alikuwa na miaka 14 majeshi ya Kisovieti yalipoingia Berlin. Alikuwa na miaka 18 Ujerumani Mashariki ilipotangazwa kuwa nchi, Oktoba 1949. Na alikuwa na miaka 59 nchi hiyo ilipofutwa kwenye ramani, Oktoba 1990. Kwa hesabu yangu hizo ni tawala tano: jamhuri, Manazi, jeshi la Kisovieti, wakomunisti, na Ujerumani iliyoungana. Mtu huyu alipita zote hizo huku maskani yake yakiwa mji ule ule, na kwa karibu miaka 70 kazi yake ilikuwa ni kuandika watu wa mji huo wanavyosema.

Swali linalonikera mimi kama mtu ninayeishi kwa kuandika ni hili: mtu anaandikaje ukweli mahali ambapo kuna mkubwa mwenye kalamu nyekundu juu yake? Kohlhaase aliishi na swali hilo kwa miaka 40. Hakukimbia. Hakufungwa. Lakini pia hakugeuka kuwa kasuku. Hiyo njia ya katikati ndiyo ninayotaka tuiangalie leo, pamoja na gharama yake.

MTOTO WA FUNDI AANZA NA GAZETI

Kohlhaase alikulia Adlershof, kitongoji cha kusini mashariki mwa Berlin, na baba yake alikuwa fundi wa mitambo. Vita vilipokwisha mwaka 1945 mji ulikuwa kifusi. Mwaka 1947, akiwa na miaka 16 tu, akaingia kujifunza kazi kwenye jarida la vijana lililoitwa Start. Baadaye akahamia Junge Welt, gazeti la umoja wa vijana wa chama. Kwa hiyo, waandishi wenzangu, huyu ni wa kwetu. Alianza na kalamu na daftari kabla ya kamera.

Mwaka 1950 akaingia DEFA. Hapa inabidi nieleze kidogo. DEFA lilikuwa shirika la filamu lililoanzishwa Mei 1946 katika sehemu ya Ujerumani iliyokuwa chini ya Wasovieti, na studio zake kubwa zilikuwa Babelsberg, pembeni ya Berlin. Baadaye likawa shirika la dola la Ujerumani Mashariki. Ukitaka kutengeneza filamu ya sinema katika nchi hiyo, mlango ulikuwa mmoja. Kohlhaase akafanya kazi kwenye idara ya kusoma na kuboresha skripti za wengine kwa miaka miwili hivi, kisha kuanzia 1952 akawa mwandishi wa kujitegemea. Filamu yake ya kwanza, ya watoto, ilitoka 1953.

Kwa ndugu zangu ambao Ujerumani Mashariki wanaisikia kama hadithi tu: nchi hiyo ilifika hadi kwetu. Baada ya Mapinduzi ya 1964 Zanzibar iliitambua, na majumba ya ghorofa ya Kikwajuni na Kilimani kule Unguja yalijengwa kwa msaada wake. Ugomvi wa Ujerumani mbili ulitugusa pia. Mwaka 1965 Ujerumani Magharibi ilikata msaada wake wa kijeshi kwa Tanzania kwa sababu ya uhusiano wetu na Mashariki, na Mwalimu Nyerere akajibu kwa kuukataa na ule mwingine wa serikali hiyo. Kwa hiyo nchi ninayoizungumzia siyo ya mbali kiasi hicho.

VIJANA WA KIJIWENI

Kohlhaase akakutana na mwongozaji mmoja anaitwa Gerhard Klein, naye mtoto wa Berlin, aliyezaliwa 1920. Wakafanya pamoja filamu tatu ambazo watu wa sinema wanazihesabu kama kundi moja la filamu za Berlin. Ya kwanza, Alarm im Zirkus, ya 1954, ni kisa cha watoto wawili maskini wa Berlin Magharibi wanaotamani glavu za ndondi, na jambazi mmoja anataka kuwatumia kuiba farasi wa sarakasi upande wa Mashariki. Kisa chenyewe kilitokana na tukio la kweli. Ya pili, Eine Berliner Romanze, ya 1956, ni mapenzi ya msichana wa Mashariki na kijana wa Magharibi. Wakati huo Ukuta haujajengwa, watu wanavuka kwa treni asubuhi na jioni.

Tusidanganyane. Filamu hizi zina propaganda ndani yake. Upande wa Mashariki unapendeza kuliko wa Magharibi, na polisi wa Mashariki ni watu wema. Lakini Klein na Kohlhaase walikuwa wameangalia sana filamu za Italia za baada ya vita, zile ambazo kamera inatoka studio na kuingia mtaani, na watu wa kawaida wanaonekana kama walivyo. Wao nao wakaipeleka kamera kwenye barabara zenyewe, kwenye ngazi zenyewe za nyumba chakavu. Na maneno yakawa Kijerumani cha Berlin, kile cha mtaani, siyo kile cha hotuba.

Filamu ya tatu ndiyo iliyowaletea maneno. Inaitwa Berlin – Ecke Schönhauser, ya 1957. Tuseme tu: "Berlin, Kona ya Schönhauser". Ni habari ya vijana wa kijiweni, na neno hilo halihitaji maelezo kwetu. Kijiwe chao kipo chini ya reli ya juu katika barabara ya Schönhauser Allee. Mwanzoni kabisa kijana anarusha jiwe kuvunja taa ya barabarani, kwa dau la marki moja ya Magharibi. Basi. Ni utundu tu wa vijana wasio na la kufanya.

Lakini Kohlhaase anakupeleka nyumbani kwa kila mmoja. Dieter ni yatima, anaishi na kaka yake ambaye ni polisi. Angela anatolewa nje kila mama yake anapotembelewa na bosi wake, ambaye ni mume wa mtu. Yule wanayemwita Kohle anapigwa na baba wa kambo. Karl-Heinz, wa familia yenye uwezo, anaiba vitambulisho na kuviuza Magharibi. Mambo yanaharibika, Dieter na Kohle wanadhani wameua mtu, wanakimbilia Magharibi na kuwekwa kwenye kambi ya wakimbizi. Huko Kohle anaambiwa watatenganishwa. Ili abaki na rafiki yake anakunywa mchanganyiko wa kahawa na tumbaku apate homa, aonekane mgonjwa. Anakufa.

Unaona ujanja wa mwandishi? Kwa juu filamu inasema Magharibi ni mahali pabaya, Dieter anarudi Mashariki, wakubwa wanaridhika. Lakini mtazamaji amejifunza jambo lingine kabisa: kwamba vijana hawa hawakuharibiwa na Magharibi. Waliharibikiwa nyumbani kwao, katika nchi iliyosema imeshamaliza matatizo ya aina hiyo. Mwishoni hata afisa wa polisi anakubali kwamba lawama ni ya watu wote, yeye akiwemo. Wakubwa walinuna. Walisema filamu inaonyesha giza mno. Watu wa kawaida wakajaa kwenye majumba ya sinema.

REDIO, MAITI NA UONGO

Filamu yao iliyofuata naipendekeza kwa kila anayefanya kazi kwenye chombo cha habari. Inaitwa Der Fall Gleiwitz, ya 1961, na Kohlhaase aliiandika na Günther Rücker.

Kisa chake ni cha kweli. Usiku wa tarehe 31 Agosti 1939, watu wa SS wakiongozwa na Alfred Naujocks walivamia kituo cha redio cha Gleiwitz, mji wa Kijerumani uliokuwa jirani na mpaka wa Poland. Wakajifanya ni wapiganaji wa Kipolandi, wakasoma tangazo fupi kwa Kipolandi hewani, na wakaacha maiti pale kama ushahidi. Marehemu aliitwa Franciszek Honiok, raia aliyekamatwa siku moja kabla kwa sababu tu alijulikana kwa kuwaunga mkono Wapolandi. Kesho yake alfajiri Hitler aliivamia Poland, na matukio kama hayo ya mpakani yakatumika kama kisingizio. Ndivyo vita vya pili vya dunia vilivyoanza barani Ulaya.

Filamu haipigi kelele. Hakuna muziki wa kukuliza, hakuna hotuba. Inafuata maandalizi hatua kwa hatua, kama vile mtu anavyoandaa gwaride. Namna hiyo ya kusimulia iliwatia wasiwasi baadhi ya wakubwa, maana walizoea filamu dhidi ya Manazi iwe na shujaa mkomunisti katikati. Humu hakuna shujaa. Kuna mashine inayofanya kazi vizuri, na mtu mmoja asiyejua kwa nini yumo ndani yake.

Filamu ilitoka Agosti 1961. Mwezi huo huo, tarehe 13, Ukuta wa Berlin ulianza kujengwa.

DESEMBA 1965

Baada ya Ukuta kujengwa, wasanii wengi wa Mashariki walipata matumaini fulani, hata kama yanashangaza leo. Walifikiri: sasa mlango umefungwa, adui hawezi kututumia, kwa hiyo tunaweza kusemana ukweli wenyewe kwa wenyewe ndani ya nyumba. Kohlhaase na Klein wakaandaa filamu ya nne ya Berlin, Berlin um die Ecke. Ni vijana wawili wafanyakazi wa kiwandani, Olaf na Horst, wanaogombana na mzee mmoja anaitwa Hütte. Mzee huyu ni mkomunisti wa zamani na ndiye mhariri wa gazeti la kiwanda. Anawaona vijana kuwa wavivu wasio na shukrani. Wao wanamwona kuwa mzee anayeandika mambo mazuri kwenye gazeti wakati mashine za kiwanda zinakufa. Kuna na mzee wa pili, mpole, fundi anayehangaika na mashine hizo hizo, anayeigizwa na Erwin Geschonneck, mtu aliyepitia kambi za mateso za Hitler katika maisha yake ya kweli. Kumbuka jina hilo, tutalirudia.

Desemba 1965 Kamati Kuu ya chama tawala ilifanya mkutano wake wa 11. Ulitarajiwa kuzungumzia uchumi. Ukageuka kuwa kesi ya wasanii. Erich Honecker, ambaye miaka michache baadaye angekuwa kiongozi wa nchi, alisoma ripoti kali dhidi ya filamu, vitabu na muziki wa vijana. Matokeo yake filamu kama 12 za DEFA zikapigwa marufuku au kusimamishwa katikati. Hiyo ni karibu kazi yote ya mwaka mzima! Wajerumani wakaziita "filamu za sungura", kwa sababu mojawapo iliitwa "Sungura ni Mimi".

Berlin um die Ecke ilikuwa miongoni mwake. Ilisimamishwa kabla haijakamilika, ikawekwa kabatini. Ilibidi kusubiri hadi 1990 ndipo ipate uzinduzi wake.

Hapa ndipo panaponiuma. Gerhard Klein hakuufikia mwaka 1990. Alifariki Mei 1970, akiwa na miaka 50, akiwa katikati ya filamu nyingine ambayo ilibidi imaliziwe na mwingine. Kazi yake aliyoimwagia jasho la Berlin yake alikufa akijua ipo kabatini. Tunapozungumzia udhibiti wa habari na sanaa huwa tunahesabu filamu, magazeti, vitabu. Mara chache tunahesabu miaka ya watu. Miaka 25 ya kusubiri kwa kijana ni mingi. Kwa mtu aliyebakiwa na mitano ni maisha yote.

KUTAFUTA MWENZA MPYA

Kohlhaase angeweza kunyamaza. Badala yake alipata mwongozaji mwingine, Konrad Wolf. Huyu naye ana historia ya kusisimua. Alizaliwa 1925, baba yake, Friedrich Wolf, alikuwa daktari, mwandishi wa tamthilia, mkomunisti na Myahudi. Familia ikamkimbia Hitler hadi Moscow. Konrad akaingia Jeshi Jekundu akiwa na miaka 17 na akarudi Ujerumani 1945 akiwa luteni, amevaa sare ya jeshi lililokuwa likiishinda nchi aliyozaliwa. Kaka yake, Markus Wolf, baadaye akawa mkuu wa ujasusi wa nje wa Ujerumani Mashariki. Na Konrad mwenyewe kuanzia 1965 alikuwa rais wa Akademia ya Sanaa. Mtu wa namna hiyo ni vigumu kumwita msaliti. Naamini hilo lilisaidia sana.

Filamu yao ya kwanza pamoja ilikuwa Ich war neunzehn, ya 1968, yaani "Nilikuwa na miaka 19". Ilitokana na shajara ya vita ya Wolf mwenyewe. Kijana Gregor anazunguka na gari lenye vipaza sauti katika siku za mwisho za vita, akiwaomba askari wa Kijerumani wajisalimishe. Anazungumza lugha yao, lakini wao wanamwona Mrusi. Warusi ni ndugu zake, lakini wanajua ni Mjerumani. Fikiria jinsi watu wawili hawa walivyokaa mezani kuiandika: mmoja mwaka 1945 alikuwa mtoto wa Berlin wa miaka 14, mwingine alikuwa ofisa wa jeshi lililokuja kuuteka mji huo. Kutokana na hapo wakatengeneza filamu isiyo na chuki na isiyo na majigambo ya ushindi. Mwaka 1977 wakarudia mada hiyo katika Mama, ich lebe, kuhusu wafungwa wanne wa vita wa Kijerumani wanaokubali kuvaa sare ya Wasovieti.

Halafu ikaja Solo Sunny, 1980. Safari hii Kohlhaase hakuandika tu, alihesabiwa pia kuwa mwongozaji pamoja na Wolf. Sunny ni mwanamuziki. Alilelewa kwenye nyumba ya watoto yatima, akafanya kazi kiwandani, sasa anaimba na bendi ndogo inayozunguka miji midogo. Anaishi kwenye nyumba chakavu huko Prenzlauer Berg. Anachotaka ni kuimba peke yake na kusikilizwa. Mwanzoni kuna mwanamume amelala kwake, asubuhi Sunny anamwambia hapa hakuna kifungua kinywa. Mwanamume anataka kulalamika. Anaambiwa na mjadala pia hakuna. Kwa sentensi mbili umeshamjua Sunny ni mtu wa aina gani. Huyo ndiye Kohlhaase. Wengine wangetumia kurasa tano.

Katika nchi ambayo kila siku iliimba "sisi, sisi, sisi", hii ilikuwa filamu ya mtu anayesema "mimi". Watu waliielewa. Renate Krößner, aliyeigiza Sunny, alipata Dubu wa Fedha wa mwigizaji bora wa kike katika tamasha la Berlin Magharibi mwaka huo huo. Miaka mitano baadaye, 1985, alihamia Magharibi. Wolf alifariki Machi 1982, akiwa na miaka 56. Kwa mara ya pili Kohlhaase akabaki bila mwenza.

Akaendelea na Frank Beyer, mwongozaji ambaye naye alikuwa miongoni mwa waliofungiwa filamu zao katika miaka ile ya 1960. Filamu yao Der Aufenthalt, ya 1983, ilitokana na riwaya ya Hermann Kant. Kijana wa Kijerumani anashikwa Poland baada ya vita kwa mauaji ambayo hakuyafanya, na ndani ya gereza anaanza kujiuliza yale ambayo wenzake walifanya kweli. Serikali ya Poland ikalalamika, na filamu ikaondolewa kwenye tamasha la Berlin dakika za mwisho. Safari hii kalamu nyekundu ilitoka nchi jirani.

NCHI YAFUTWA, MWANDISHI ABAKI

Tarehe 9 Novemba 1989 Ukuta ukafunguliwa. DEFA ikauzwa 1992 kwa kampuni ya Kifaransa. Watu wengi waliofanya kazi huko maisha yao yote wakajikuta hawana kazi, na wengine hawakusimama tena. Ghafla kilichokuwa ujuzi kikawa mzigo, kwani kipaji cha kusema jambo kwa mafumbo hakina soko pale ambapo kila mtu anaruhusiwa kulisema wazi.

Kohlhaase alikuwa anakaribia miaka 60. Hapo ndipo inapothibitika kwamba hakuwa mwandishi wa mafumbo tu. Mwaka 2000 aliandika na Volker Schlöndorff, mwongozaji mkubwa wa upande wa Magharibi, filamu Die Stille nach dem Schuss, kuhusu mwanamke wa kundi la kigaidi la Magharibi anayefichwa Mashariki kwa jina la bandia. Waigizaji wake wawili, Bibiana Beglau na Nadja Uhl, waligawana Dubu wa Fedha.

Halafu akakutana na Andreas Dresen, kijana wa Mashariki aliyezaliwa 1963, yaani mdogo kwake kwa miaka 32. Mwaka 2005 wakatoa Sommer vorm Balkon. Wanawake wawili, mmoja anahudumia wazee majumbani mwao, mwingine anamlea mtoto peke yake huku akihangaika kutafuta kazi. Jioni wanakaa kibarazani ghorofani, wanakunywa na kuzungumza habari za wanaume. Ni hayo tu. Kohlhaase alikuwa na miaka 74, na ilimpatia tuzo ya skripti bora katika tamasha la San Sebastián, Hispania.

Sasa angalia jambo hili. Kona ya Schönhauser ipo Prenzlauer Berg. Sunny anaishi Prenzlauer Berg. Kibaraza cha wale wanawake wawili kipo Prenzlauer Berg. Mwaka 1957, 1980 na 2005. Ukiziangalia filamu hizo tatu kwa kufuatana unapata historia ya mtaa mmoja kwa nusu karne: kwanza vijana ambao nchi yao changa haiwaelewi, halafu mwanamke ambaye nchi yake iliyochoka haimsikilizi, mwishoni wanawake ambao nchi mpya haina kazi ya kuwapa. Serikali zimebadilika, bendera zimebadilika, fedha imebadilika. Upweke wa watu haukuondoka na serikali yoyote.

Tuzo za heshima zikafuata: Dubu wa Dhahabu wa Heshima wa tamasha la Berlin 2010, na tuzo ya heshima ya filamu ya Ujerumani 2011. Mwaka 2017, akiwa na miaka 86, aliandika skripti ya In Zeiten des abnehmenden Lichts kutokana na riwaya ya Eugen Ruge, kuhusu familia ya mkomunisti mzee katika siku za mwisho za Ujerumani Mashariki. Na nani aliongoza? Matti Geschonneck, mtoto wa yule Erwin Geschonneck niliyewaambia mkumbuke. Baba aliigiza kwenye filamu iliyofungiwa 1965, mtoto akaongoza filamu ya kuizika nchi iliyoifungia. Mwandishi ni yule yule.

Kuna na hadithi yake fupi moja, ya 1977, iliyosafiri mbali kuliko yeye. Inahusu mfungwa wa kambi ya mateso anayeokoa maisha yake kwa kujifanya anajua Kiajemi. Mtu mwenye mamlaka juu yake kambini anataka kujifunza lugha hiyo, kwa hiyo mfungwa analazimika kubuni lugha nzima, neno kwa neno, na kuyakumbuka yote, maana akisahau moja anakufa. Mwaka 2020 ilitoka filamu iliyotokana na hadithi hiyo, Persian Lessons, ya mwongozaji Vadim Perelman. Mimi nikiisoma habari hiyo naona kama Kohlhaase alikuwa anaeleza kazi ya kila mwandishi aliye chini ya mkubwa: unabuni lugha ambayo mkubwa anadhani anaielewa.

SASA TUSEMEJE?

Wapo watakaosema mtu huyu alikuwa mwepesi. Alipewa tuzo za taifa na serikali ile ile iliyofungia kazi yake. Alibaki wakati wenzake wanaondoka au wanafukuzwa. Hoja hiyo siipuuzi. Kila mtu anayebaki anaipa serikali kitu fulani, hata kama ni kimya chake tu. Na kila propaganda iliyomo kwenye Alarm im Zirkus ina jina lake chini.

Lakini upande wa pili ni huu. Wale vijana wa kijiweni, yule Sunny, yule mzee mhariri na gazeti lake la kiwanda, nani angewaandika kama wote wangeondoka? Waandishi wa Magharibi waliandika habari za Mashariki kama habari za Ukuta na majasusi. Kohlhaase ndiye aliyeandika watu wakipika, wakigombana, wakipendana na kukosana huko nyuma ya Ukuta. Leo mwanahistoria akitaka kujua watu wa Berlin Mashariki walikuwa wanaongeaje jikoni, hotuba za Honecker hazitamsaidia. Atakwenda kwenye skripti za Kohlhaase.

Somo ninalolichukua mimi ni dogo, lakini ni la kazi. Mkubwa mwenye kalamu nyekundu kwa kawaida anatafuta maneno makubwa: uhuru, chama, serikali. Yale madogo yanampita. Mtoto anayetolewa nje kwa sababu mama ana mgeni, mwanamke asiyetaka kupika kifungua kinywa, mashine ya kiwanda inayokufa. Mwandishi asiyeongopa katika madogo hayo anaweza kulazimishwa kunyamaza katika makubwa, na bado akaacha ushahidi. Gharama ipo, na Gerhard Klein aliilipa zaidi ya wote. Lakini kabati ya 1965 ilifunguliwa, na filamu ilikuwa bado imo.

Je, wewe msomaji unaonaje? Ungebaki au ungeondoka?